Kaa wa Mtoni na Habari za Baba Yako Mdogo

Mwanangu Namkunda,

Umeteremka kwa shangazi yako kumuaga, na nyumba imenyamaza kidogo. Wanawake waliokuwa wakikusuka na kukuimbia tangu asubuhi wamekwenda kupumzika. Nimekaa mlangoni kwenye kigoda, penye mwanga, nikiwa na karatasi nilizoomba kwa mwinjilisti. Amenipa na wino pia, akacheka kwamba mzee wa darasa la nne anataka kuandika waraka.

Kesho watu wa Kisiwani, kijiji kile cha tambarare chini ya milima yetu, watakuja kukuchukua. Mimi sitakusindikiza, kwa kuwa katika ukoo wetu baba hamfikishi binti yake kwa mumewe. Nitasimama hapa uani nikuone ukiteremka mpaka kwenye kona ya migomba, basi. Ndiyo sababu nakuandikia. Mdomo wangu kesho sitauamini.

Jinsi ya kumwamkia mama mkwe, saa ya kuamka, nani apewe chakula kwanza, hayo mashangazi zako wamekwisha kukuambia na wanayajua kuliko mimi. Mimi nimekulea kwa kubahatisha. Wakati fulani nilikusuka nywele mwenyewe, ukaenda kanisani ukiwa kama kifaranga kilichonyeshewa, na bibi yako akanikataza nisishike tena kichwa chako. Lakini juzi, ulipokuwa unasugua chungu, uliniuliza, "Baba, mbona kaa wako nyama inatoka laini, wangu inang'ang'ania kwenye gamba?" Nikakujibu kwamba nitakuonyesha. Kisha wageni wakajaa na sikukuonyesha. Basi nianze na hilo, na humo ndani yamo mengine ambayo sijawahi kukuambia sawasawa.

Kijito kinachopita chini ya kahawa yetu kinateremka, kinakutana na wenzake, mpaka kinafika kwenye mashamba ya huko unakokwenda. Pale kinapotoka milimani, kabla hakijaingia tambarare, kuna mawe, na penye mawe kuna kaa. Kwa hiyo utakuwa nao huko pia. Wenyeji watakuambia kaa ni chakula cha watoto wachungaji. Waache waseme.

Aliyenifundisha mimi ni bibi yako Nakijwa, mama yangu, Mungu amlaze pema. Alikuwa akifunga kanga yake juu ya magoti, anaingia majini kama anayeingia nyumba ya mtu, taratibu. Aliniambia, "Simama upande maji yanakoelekea. Inua jiwe polepole, ngoja. Tope litapita miguuni mwako na maji yatasafika yenyewe. Usiingize mkono kwenye tope. Huko utashikwa wewe." Maji yakisafika utamwona kaa amejikunja, anakutazama na magando yake yameinuliwa. Mshike kwa nyuma, kidole gumba chini ya gamba na vingine juu, magando hayakufikii hapo. Mgeuze umwangalie tumboni. Dume ana mkia uliokunjwa mwembamba kama ulimi, jike ana mpana kama aproni. Ukiona jike, ufunue ule mkia kwa ukucha. Mara nyingi utakuta amebeba mayai chini yake, au watoto wenyewe, wadogo kama punje za ulezi, wameshikilia. Huyo mrudishe palepale ulipomtoa, na jiwe ulirudishe jinsi lilivyokuwa limelala. Bibi yako alikuwa mkali kwa jiwe kuliko kwa kaa. "Umemkosa kaa, si neno," alikuwa akisema, "lakini umebomoa nyumba, nani atakuja kukaa?" Na wale wadogo wasiofika ukubwa wa kiganja cha mtoto, nao waache.

Usiwatie kwenye debe la maji, watakufa kwa kukosa pumzi. Watie kwenye kikapu chenye majani mabichi yaliyolowa. Na usichukue zaidi ya watakaopikwa siku hiyo hiyo. Nalisema hili mara moja tu hapa, na baadaye utaona kwa nini.

Mama yako hakutaka hata kuwasikia. Nilipomwoa Naomi nikamleta kutoka kijijini kwao Mamba, jioni ya kwanza mama akatenga kaa na makande, na mke wangu akakaa akitazama sahani kama aliyewekewa nyoka.

"Mama Elieza," akamwambia mama yangu kwa adabu, "kwetu huyu tunamwita buibui wa maji."

"Na kwenu mnakula nini mboga ikiisha?" mama akamuuliza.

"Tunalala."

Mama alicheka mpaka akashika ubavu. Hakumlazimisha. Ilipita misimu kadhaa, siku moja nikarudi kutoka shambani nikawakuta wote wawili mtoni, mama yako maji yakiwa magotini, ameshika kaa mkubwa, anapiga kelele na kucheka. Sura hiyo ndiyo ninayoishika nikimkumbuka. Una kicheko chake, sijui kama nimewahi kukuambia. Kinaanza puani.

Sasa nikuambie habari za mwaka wa njaa. Unajua kwamba mama yako alifariki mwaka huo kwa chakula kibaya. Nilikuachia hapo tu, na wewe ulipokua hukuuliza, nikashukuru kwamba hukuuliza. Haikuwa vizuri. Mtoto akinyamaza juu ya mama yake si kwamba ameridhika.

Ilikuwa wakati wa vita. Mvua ya vuli haikunyesha, na ya masika ikaja kama mtu aliyesahau kitu, ikapiga kidogo ikaondoka. Mahindi yakakauka yakiwa kimo cha goti. Migomba ikainama. Watu wakala mizizi, wakala mbegu walizokuwa wamezificha. Kijito kikapungua mpaka kikabaki vidimbwi, kikubwa kimoja kikiwa kile cha chini ya mwamba unaopenda kuanikia nguo. Kaa wa juu na wa chini wakakusanyika humo. Bibi yako akawa kila siku anatoa wachache wa kutosha mchuzi, akifunua mikia yao mmoja mmoja hata katika njaa ile. Kulikuwa na majirani waliomwona mchoyo.

Baba yako mdogo Yoeli alikuwa akiishi nasi. Wewe humkumbuki, au unamkumbuka kama mgongo tu, kwa sababu alikuwa akikubeba kutwa. Mimi nilikuwa mtu wa kununa tangu ujana, lakini yeye aliingia nyumbani na nyumba ikachangamka. Alikuwa akikuchongea ng'ombe wa miti na kuwapa majina ya wazee wa kanisa. Mama yako, ambaye alikuwa mjamzito, alimwita shemeji kwa sauti ya kumdekeza, na yeye akawa anakimbia huku na huko kumtafutia chochote cha kutia mdomoni.

Habari zikaja kwamba serikali imeleta mahindi Same, kwenye stesheni. Wanaume tukateremka. Njia ilikuwa ndefu, tunapita nyikani penye tembo, tunalala juu ya miti. Nilimwacha Yoeli na nyumba. Nilimwambia, "Waangalie." Neno hilo moja. Nimelifikiria sana tangu wakati huo. Ukimwambia kijana mwenye moyo laini awaangalie watu wenye njaa, halafu ukaondoka, umemtwisha mzigo ambao hujui ataupeleka wapi.

Nilikawia. Mahindi yalikuwa machache na watu wengi. Nyumbani unga ukabaki wa kikombe kimoja. Yoeli akaona mama yako hawezi tena kusimama bila kushika ukuta. Akatwanga majani ya utupa, ile sumu ya samaki, akatia kwenye kikapu na kukizamisha kwenye kidimbwi. Alijua kwamba imekatazwa. Wazee walikataza tangu zamani, na bibi yako alilisema hilo kila alipoona mti wenyewe ukichanua. Lakini alisema moyoni, ni mara moja.

Waliokuwapo walisimulia kwamba kila kitu kilitoka majini. Visamaki vikaelea. Kaa wakapanda juu ya mawe wakitembea kama walevi, wakubwa kwa wadogo, majike wakiwa na watoto wao wamewaning'inia. Watu wa mtaa mzima wakateremka na vikapu na ungo. Waliimba. Siku hiyo kila nyumba ilifuka moshi, kila mtu alishiba, na Yoeli akabebwa mabegani. Hakuna aliyeumwa siku hiyo. Wewe ulikula mpaka ukalala na gando mkononi.

Lakini walikuwa wengi mno. Vikapu vikabaki vimejaa kivulini, kaa wamekwisha kufa, na jua la kiangazi halina huruma. Kesho yake wakawa wanatoa harufu. Bibi yako akasema watupwe. Watu wakamwangalia kama mwenda wazimu. Mama yako akamwambia, "Mama, nitawaosha vizuri, nitawachemsha sana." Bibi yako akamjibu, "Mwanangu, moto hauponyi kilichooza." Akamwambia asubiri, mimi niko njiani.

Sasa nisikilize. Ule unga wa kikombe kimoja ulikuwa bado upo. Bibi yako aliniambia kwamba mama yako aliukoroga uji, akakuita, akakuketisha mapajani akakunywesha mpaka mwisho, akakwangua chungu kwa kidole akakulambisha. Wewe ulikuwa unalia kwamba unataka kaa kama jana. Alikukatalia. Halafu alikupeleka kucheza, na yeye akakaa na Yoeli wakala wale kaa. Alijua kwamba si wazuri, mwanangu. Kama asingejua, angekupa na wewe.

Jioni waliugua nyumba nyingi. Wenye nguvu walitapika wakapona. Yoeli alitapika siku mbili akapona. Mama yako hakuwa na nguvu ya kupona nayo.

Nilifika asubuhi. Nilipovuka magogo pale kijitoni, harufu ilinipiga, na mawe yote yalikuwa meupe kwa matumbo ya visamaki. Nikaanza kukimbia na gunia begani. Nilimkuta amelala upande wa mlango, uso wake umekuwa mdogo. Akaniuliza, "Baba Namkunda, umeyaleta?"

Nikamwambia, "Nimeyaleta."

"Mpe mtoto kwanza."

Bibi yako akaanza kusaga. Mimi nikakaa nimemshika mkono mama yako, nikisikia jiwe linavyokwenda na kurudi. Unga haukuwa umetosha kikombe alipoondoka, yeye na yule mtoto wa tumboni. Bibi yako akageuka akatuona. Jiwe likasimama.

Nimeinua kalamu hapa nikaenda kuangalia mbuzi. Nimerudi.

Baada ya maziko Yoeli alikuwa akija kila siku anakaa pale kwenye kisiki cha nje. Haingii ndani. Wewe ulikuwa ukimkimbilia, anakubeba, huku machozi yanamtoka. Nilivumilia kwa muda. Halafu siku moja nikatoka nikakuchukua mikononi mwake, nikamwambia, "Usije tena hapa."

Akasema, "Kaka, nilitaka ashibe."

Nikamwambia, "Ameshiba."

Neno hilo ningelipa shamba lote nilirudishe. Si kwamba lilikuwa la uongo wala la kweli. Lilikuwa la kuua tu. Yoeli akaondoka kesho yake kwenda kwenye mashamba ya mkonge huko Tanga, na bibi yako akakaa msimu mzima akinijibu salamu tu. Alikuwa amezika mkwe na mjukuu, na mimi nikamzikia mwana angali hai. Hivyo ndivyo alivyoniambia, na hakusema zaidi.

Mto nao ulikufa. Hata mvua ziliporudi, maji yakajaa, ulikuwa unainua jiwe na chini yake hakuna kitu, mchanga tu umetulia. Wazee waliita mkutano, jumbe akasema maneno makali juu ya utupa, watu wakaitikia. Hayakurudisha kaa hata mmoja. Miaka ikapita hivyo. Nilikuwa nikipita pale nikiona kama ni haki, kwamba na mto uwe mtupu kama nyumba yangu.

Wewe ndiye uliyewaona kwanza. Unakumbuka? Ulikuwa umeanza shule, ulikwenda kuchota maji, ukarudi mbio ndoo ikiwa tupu, ukisema kuna mdudu mwenye mikasi. Nilikwenda nawe. Alikuwa mdogo, amekaa mdomoni mwa tundu. Walikuwa wamesalia huko juu kwenye chemchemi za msituni, ambako utupa haukufika, wakawa wanateremka kidogo kidogo. Ukataka tumchukue. Nilikufokea ukalia. Ulidhani nimekukasirikia. Nilikuwa na hofu tu, nikaifanya hasira, kama nilivyozoea.

Nilikusudia usile kaa maisha yako yote. Bibi yako ndiye aliyenishinda. Alikuwa amezeeka, macho yameanza kufifia, lakini alinishika mkono akaniambia, "Kaa hawakumuua mke wako. Ukimnyima mtoto, utamfundisha kuuogopa mto, na hatajua namna ya kuutunza." Tukangoja bado, mpaka walipokuwa wengi chini ya kila jiwe. Ndipo tukateremka sote watatu, yeye akikaa ukingoni akituelekeza kwa kusikia, na tukapata wa kutosha sufuria ndogo. Nilipika mimi. Nilikula wa kwanza nikangoja, ndipo nikakupa.

Basi hivi ndivyo nilivyowapika siku ile na ndivyo ninavyowapika mpaka leo. Kwanza, kila kaa awe hai. Mguse jicho kwa kijiti. Asipolirudisha ndani, mtupe mbali, usimwonee huruma wala usihesabu njaa. Waoshe kwa maji mengi mpaka maji yasiwe na tope. Usiwavunje magando wakiwa hai kama watoto wanavyofanya. Ni mateso bure. Chemsha maji ya chumvi mpaka yacheke, uwatie wachache wachache, maji yasije yakapoa wakafa polepole. Watageuka kutoka rangi ya tope kuwa rangi ya udongo mwekundu. Hapo wengi huwatoa. Wewe usiwatoe. Waache wachemke kwa muda wa kuchambua mchicha wa nyumba nzima. Wachungaji wa huko tambarare huwachoma juu ya makaa wakawala ndani bado wabichi, na kaa mbichi hubeba magonjwa ya kifua. Usikubali, hata kama ni mumeo anayesema hivyo ndivyo walivyo watamu.

Na jibu la swali lako ni hili: ukiwatoa, wamwagie maji ya baridi sana palepale, ya kisimani. Nyama hushtuka, ikaachana na gamba. Wewe huwaacha wapoe wenyewe, ndiyo maana inang'ang'ania. Fungua gamba kwa nyuma, ondoa yale manyoya ya kijivu pembeni na kifuko kilicho nyuma ya mdomo, hivyo haviliwi. Magando uyagonge kwa jiwe taratibu. Kaanga kitunguu kwa samli, tia nyanya, tia nyama, mwisho maziwa kidogo. Kwa makande ni tamu, kwa ugali ni tamu zaidi.

Nimefika kwenye jambo ambalo nimekuwa nikilizunguka tangu mwanzo wa barua.

Baba yako mdogo Yoeli yuko hai, na yuko Kisiwani.

Nilijua kwa mfanyabiashara mmoja wa soko la Myamba, baada ya bibi yako kufariki. Alisema kuna Mpare mmoja wa milimani huko chini, alitoka kwenye mkonge akiwa na kikohozi, anachunga mbuzi wa watu na kukaa peke yake karibu na mfereji. Akaniambia jina. Nilikaa na habari hiyo muda mrefu kuliko inavyompasa Mkristo. Kisha nikateremka. Nilikuambia nakwenda kutafuta mbegu.

Nilikuta mzee. Ni mdogo wangu, lakini nilikuta mzee. Alikuwa anatengeneza boma la miiba, akainua kichwa akaniona, na miiba ikamponyoka.

"Shikamoo kaka," akasema.

"Marahaba, Yoeli."

Akanitolea kigoda, yeye akakaa chini. Nilikuwa nimeyatengeneza maneno njia nzima, kama mtu aliyebeba zawadi kubwa. Nikamwambia, "Nimekuja kukwambia nimekusamehe."

Akachukua mwiba mmoja, akauweka mahali pake. Halafu akasema bila hasira yoyote, "Ahsante, kaka. Lakini kila asubuhi mimi namwona shemeji. Wewe umenisamehe, yeye sijui."

Nilitazamia aanguke kifuani mwangu, tulie, twende nyumbani. Nilikuwa nimekwenda kumsamehe na nikasahau kumwomba yeye anisamehe. Neno langu lile la "ameshiba" lilikuwa limekaa katikati yetu kama mtu wa tatu, nami nikajifanya silioni. Alinipa maziwa nikanywa. Nikamwomba apande nami. Akasema, "Nitapitaje pale kijitoni?" Akaniuliza habari zako. Aliuliza kama bado una wale ng'ombe wa miti. Nikamwambia umekua, wamepotea. Akatikisa kichwa akisema ndiyo, ndivyo watoto.

Nilirudi sijamwomba. Nimekuwa nikisema nitateremka tena, kahawa ikivunwa, mvua ikipita. Tulipopeleka habari za ndoa yako nilimtumia mtu kumwalika. Alijibu kwamba anakuombea heri na kwamba kifua hakimruhusu kupanda. Nami nikajua si kifua.

Sikukutafutia mume Kisiwani kwa sababu yake. Uliyempata umempata mwenyewe na ni kijana mwema. Lakini nilipojua anatoka huko, niliingia ndani nikakaa peke yangu muda mrefu. Uliniuliza kama nina huzuni. Nilikuwa nayo. Hata sasa ninayo, na si ya kukupoteza peke yake.

Sikupi amri. Nimekupa nyingi mno wakati wa kukulea, na nusu yake zilikuwa hofu zangu mwenyewe. Ningependa tu ujue nilichokiona: aliyeharibu kwa kupenda, na aliyeharibu kwa uchungu, wote wameharibu, lakini mimi nilitaka mmoja peke yake alipe. Huko uendako watu watakukosea wakidhani wanakusaidia. Utakasirika, na ni haki yako. Ukisikia ulimi umepata neno linalokata vizuri sana, nenda kachote maji kwanza.

Utakapokuwa umezoea kidogo, mwombe mumeo ruhusa mwende wote wawili mkamtafute kule kwenye mfereji. Peleka kitu cha kula. Mpikie chochote unachoweza, maharage, ndizi, kuku kama mnaye. Kaa usimpikie.

Mwamkie, "Shikamoo baba mdogo." Usimwambie kwamba mimi nimekutuma, wala usimpe maneno yangu. Yangu nitayaleta mwenyewe kabla ya mvua, na safari hii nitaomba. Wewe keti tu karibu naye ule. Atakuuliza wewe ni nani, macho yake hayaoni mbali. Usimjibu kwa jina langu. Mwambie wewe ndiye mtoto wa Naomi, uliyenyweshwa ule uji, na kwamba umekua.

Baba yako,
Elieza